Jina la Mama Kitabuni

Jumatatu, 7 Aprili

Mvua tangu alfajiri. Nimefunga meza mapema, mitandio ilishaanza kulowa. Mtaa wa Kongo tope tupu, wateja wanarukia mawe na mifuko mkononi. Mama Anjela, jirani yangu wa meza, kaniambia, "Kimbia wewe, profesa wako anakusubiri umsomee." Utani wake wa kila siku. Mimi wa darasa la saba, namsomea daktari wa vitabu.

Nimefika, nimeswali Alasiri, nimempa Dada Salma chai ya tangawizi, tumeanza. Sura ya nne. Inahusu wake wa wakubwa wa Kiingereza, waliofuatana na waume zao makoloni wakaandika vitabu juu ya huko. Aliniambia mwenyewe, siku moja alipokuwa na furaha. Dada ameandika vitabu vitatu juu ya wanawake wa Kiingereza na ufalme wao, vyote Kizungu, vyote vimechapwa huko huko kwao. Hiki ninachomsomea ndicho cha kwanza. Cha zamani sana, kurasa zimekuwa rangi ya chai. Sasa wanataka kukitoa upya, wamempa nafasi asahihishe anachotaka. Ila macho hana tena, presha ya macho imeyamaliza. Kwa hiyo macho ni mimi.

Kizungu sikijui. Herufi nazijua. Nasoma kama tulivyosoma chuoni kwa Maalim: unatoa sauti ilivyo, maana anaijua Mwenyewe. Dada kanifundisha sauti zao, hii itamke hivi, ile imeze. Akisikia nusu ya neno analijua lote, si kaliandika yeye. Neema, aliyekuwa mwanafunzi wake, alimwekea kwenye simu sauti ya kumsomea. Kaikataa. Anasema inasoma kama mashine ya benki.

Nikishika kasi nayumba, ndivyo tulivyozoeshwa. Kiti kinalia. Leo kaniambia, "Hamisa, unanisomea khitma? Bado sijafa."

Nimecheka. Yeye hakucheka.

Jumatano, 9 Aprili

Leo kazi ya masahihisho. Nashika simu mbele ya mdomo wake, nabonyeza, anasema Kizungu chake, naachia, ujumbe wa sauti unaenda Uingereza kwa yule binti wa kampuni ya vitabu. Akikosea siachii. Navuta kidole kushoto, maneno yanafutika, anaanza upya. Leo nimevuta mara nyingi, kuna mtu alikuwa anatoboa ukuta ghorofa ya juu. Binti wa kampuni anajibu kwa maandishi, thenkyu. Hilo nalijua.

Sasa jambo la furaha, nisiliache. Kwenye utangulizi wa kitabu limo jina la mama. Bi Rukia. Nililiona tulipoanza kazi, macho yangu yalikuwa yanapita tu kwenye Kizungu, mara yakagonga pale. Nikamuuliza Dada, "Huyu mama?" Kasema, "Ndiye." Sikuuliza zaidi, nilikuwa nalia. Mama yake Dada alifariki Dada akiwa mtoto, baba akamwoa mama yangu, mama akamlea. Mama hakuingia hata darasa moja. Na Dada kamtia kitabuni, anasomwa na Wazungu.

Tangu siku ile, kila tukimaliza kazi namwomba niusome ukurasa ule. Ananiachia. Leo nimeusoma kwa sauti ya juu kabisa. Kasema, "Rudia." Nimerudia.

Jumamosi, 12 Aprili

Darsa ya wanawake. Sikuweza kujizuia, nimewaambia. Vigelegele. Ustadha kasema mama kaachiwa jina jema, si kila mzazi anapata hilo. Wote wanataka niwaletee kitabu wakione. Bi Mwanaisha, yule asiyeridhika na kitu, kauliza, "Kamsifia nini?" Nikasema, malezi. Kamsifia malezi.

Sijui nimelitoa wapi. Limetoka tu.

Jumapili, 13 Aprili

Wageni. Neema katoka kanisani, kaja na wanafunzi wake wawili wa chuo kikuu, wa kiume na wa kike. "Shikamoo mama." Wote watatu. Nimewapa juisi ya ukwaju na kashata. Nilivaa dera jipya. Dada kakaa kichwa juu kama bibi harusi, wanamuuliza, anajibu, wao wanaandika. Mimi na kiherehere changu nikasema, "Dada, niwasomee ule ukurasa?"

Kasema, "Wasomee." Na alitabasamu. Nilimwona.

Nimesoma kwa vituo. Jina la mama nimelivuta vizuri. Yule wa kiume kaangalia chini. Yule wa kike kaziba mdomo, nikadhani kikohozi. Neema alikuwa ananitazama mimi, si kitabu. Nikadhani nimewakosha. Nilipomaliza nikasema, "Huyo ni mama yangu mzazi."

Dada kasema, "Waongeze juisi, Hamisa."

Neema kanifuata jikoni. "Mama, unajua ulichosoma?" Nikamwambia, nitajuaje, niambie wewe mwenye Kizungu chako. Hakutaka. Nikamshika mkono. Kanitafsiria taratibu, uso kaugeuzia kwenye sinki. Ni hivi:

Dola ya kwanza kunitawala haikuwa ya Waingereza. Ilikuwa jiko la mama yangu wa kambo, Bi Rukia. Hakujua kusoma, na alimchukia kila anayejua. Daftari zangu aliziwashia moto wa chai. Nilipokuja kuwasoma mabibi wa Kiingereza waliotawala majiko ya wanawake wenzao, hawakuwa wageni kwangu. Nilishalelewa na mmoja wao.

Neema alilia. Mimi sikulia. Nimeosha bilauri.

Jumatatu, 14 Aprili

Nimeusoma kwa mdomo wangu. Siku zote hizo. Mdomo ninaomsomea mama Yasini kila Alhamisi.

Mezani leo nimempa mteja mtandio mweusi, alitaka wa bluu. Mama Anjela kanibana mpaka nikamwambia. Kasema, "Mimi kwetu Masasi mtu kama huyo tunamtilia pilipili kwenye chai. Halafu tunamuuliza, imekolea?" Nimecheka. Nikaona aibu. Nikacheka tena.

Mama yangu hakumchukia mtu. Alikuwa mkali, ndiyo. Nani hakuwa mkali? Mimi nilikuwa mdogo wa kubebwa, Dada alishakuwa msichana wa sekondari. Nakumbuka jiko. Nakumbuka moshi, na khanga ya mama inanuka moshi. Karatasi sikumbuki. Lile jiko lilikuwa hapa hapa chini, kabla nyumba ya baba haijabomolewa likajengwa ghorofa, nasi tukapewa hii fleti. Leo pale wanauza makava ya simu.

Nimepita nikasimama. Muuzaji kauliza, "Mama, simu gani?" Nikaondoka.

Jumanne, 15 Aprili

Nimesogeza kikombe chake. Kidogo tu. Nimekaa namwangalia anapapasa meza, kapapasa sahani, kapapasa kitambaa, kapapasa hewa. Hakuita. Hana tabia ya kuita. Kisha nikamsogezea.

Astaghfirullah.

Sijasoma leo. Nimemwambia koo linaniuma.

Alhamisi, 17 Aprili

Nimemwambia. "Dada, lile la mama litoe."

Hakushtuka. Alikuwa anajua kuwa najua, kasema alijua tangu Jumapili kwa jinsi nilivyokuwa naziosha zile bilauri. Naandika alivyosema nisije nikajidanganya baadaye.

"Umelisoma wiki nzima nzima. Hukuniuliza hata siku moja linasema nini. Nilikuwa nasubiri uulize."

"Ukaniacha nilisome mbele ya watu."

"Uliomba mwenyewe. Nikukatalie raha yako?"

Nikasema mama amekufa, hawezi kujibu. Kasema, "Na mimi nilikuwa mtoto. Sikuweza kujibu." Halafu kaongea sana, si kawaida yake. Vitabu vitatu kaandika, na katika ukoo mzima hakuna hata mmoja aliyewahi kumwambia, Salma, umeandika nini humo? Walichouliza ni ataolewa lini. Mpaka mvi zimemtoka wanauliza ataolewa lini. Na mimi nilikuwa mmoja wao, kasema.

"Sawa, Dada. Mimi nitukane. Mama mtoe."

"Kitabu si sufuria, Hamisa, ukisugue kitakate."

Nimemchukia. Naliandika hivyo hivyo lilivyo. Nimempikia uji, nimemnyoosha miguu, nimemfunga chandarua, na nimemchukia.

Nimemsomea mama Yasini. Nimekosea aya ninayoijua tangu utoto.

Jumamosi, 19 Aprili

Darsa sikwenda.

Tangu juzi Dada kimya. Leo baada ya Alasiri kasema, "Lete simu. Utangulizi." Nikashika simu, nikabonyeza. Hajawahi kuongea kirefu hivyo. Polepole, sauti ya chini, anasimama, anaendelea. Siyajui maneno yake, ila jina nalijua. Rukia. Mbele kidogo tena, Rukia. Kisha Bi Rukia. Kila akilitaja, kidole changu kinawaka juu ya kioo. Nikaelewa. Nimemwomba atoe, yeye anaongeza. Anammalizia.

Lile la zamani siwezi kulifuta. Hili jipya halitaingia.

Kasema, "Tuma." Nimevuta kidole kushoto. Kale kandoo ka taka kakafunguka, kakameza, kakafunga.

"Imeenda?"

"Imeenda."

Alijifuta uso kwa mtandio. Umeme ulikuwa umekatika, feni imesimama, ni jasho tu.

Nimeswali Magharibi. Sikuomba msamaha. Nimemwambia Mungu, wewe unajua alichomfanyia mama yangu.

Jumatatu, 21 Aprili

Leo tena. Kakumbuka kitu kingine cha utangulizi. Kifupi. Rukia yumo. Nimevuta.

Mara hii haikuniuma.

Kauliza, "Huyo binti kajibu?" Nimesema, kasema thenkyu. Nimesema uongo na udhu wangu.

Jumatano, 30 Aprili

Ujumbe umeingia kutoka kwa binti wa kampuni. Mrefu. Nimeukodolea macho. Nimetambua thenkyu, na nimetambua lile neno linalotundikwa milangoni maduka yakifungwa. Mengine sikuyajua, na sikumsomea.

"Kasema nini?"

"Thenkyu."

"Na yale ya utangulizi?"

"Yamefika yote."

Kaitikia kwa kichwa. Kataka halua, nikashuka kumnunulia. Siku hizi mpole ajabu. Jana kaniuliza miguu yangu inaniumaje. Kauliza meza inakwendaje, Mama Anjela mzima? Hajawahi kulitaja jina la Mama Anjela. Kashiba ushindi, ndiyo maana.

Nikifikiri ule ujumbe haukwenda kokote, na yeye kakaa anakula halua kwa amani, napata raha. Raha chafu. Lakini raha.

Jumamosi, 17 Mei

Nimerudi darsa. Hawajasahau. Binti yake Bi Mwanaisha anasoma chuo, Kizungu kwake maji. Bi Mwanaisha kasema mbele ya wote, "Mlete Bi Rukia wako, binti yangu atutafsirie." Nikasema kitabu kiko Uingereza kinachapwa upya. Wakasema basi tunasubiri kipya. Ustadha kanishika bega, "Usituache nyuma kwenye kheri hii."

Nyumbani nikamsimulia Dada, kwa hasira, ajue alichonitia. Kanisikiliza. Kisha kasema, "Kikija kipya waite waje hapa. Nitawatafsiria mwenyewe ukurasa wa mama yako."

Sikumtosha peke yangu, anataka na darsa nzima. Kalisema kwa sauti laini, anakunja mtandio wake mapajani.

Sitawaita. Wallahi sitawaita.

Alhamisi, 10 Julai

Naandika yote.

Asubuhi nilikwenda Mchikichini kuchagua mitandio ya mtumba, nikarudi nimepitia Mnazi Mmoja nimechoka, sina habari. Nafungua mlango, viatu vya kike vimejaa. Ustadha. Bi Mwanaisha. Wengine wawili wa darsa. Wamekaa mkekani wanakunywa chai. Kumbe Neema alikuja na kitabu kipya asubuhi, Dada kamtuma ampigie Ustadha, halafu Neema kawahi kipindi chake chuoni. Dada kajipaka udi. Kitabu kiko mapajani, anakipapasa jalada kama mtu anavyopapasa uso wa mtoto.

"Njoo, Hamisa. Soma utangulizi. Kama ulivyozoea."

Ningeweza kusema naumwa. Ningeweza kukiangusha. Bi Mwanaisha alikuwa ananiangalia. Nikakaa, nikapiga bismillahi, nikasoma. Karatasi mpya, nyeupe, maneno yale yale. Midomo imeshayazoea. Nimefika kwenye jina.

Dada kainua mkono. "Rudia hapo."

Nikarudia.

"Endelea."

Nikaendelea. Aya ya pili ikaanza mambo mengine, ile ile ya siku zote.

"Hakuna kitu kati?"

"Hakuna, Dada."

Uso wake nilikuwa sijauona hivyo. Si hasira. Kama mtu aliyenyoosha mguu ngazi haipo. Wageni hawakuelewa kitu. Ustadha kasema kwa furaha, "Haya Daktari, tupe tafsiri, masikio yanawasha."

Nilisikia mafundi chini wanavyopiga nyundo. Nikamwomba Mungu amfunge ulimi. Kisha kasema, "Nitatafsiri kilichochapwa."

Akatafsiri. Neno kwa neno. Dola. Jiko. Hakujua kusoma, na alimchukia kila anayejua. Daftari. Moto wa chai. Hakupandisha sauti, hakushusha. Alikuwa kama anasoma tangazo la msiba.

Ustadha kasema, "La ilaha illallah." Kikombe kakiweka chini hakijaisha. Bi Mwanaisha kanigeukia mimi, si Dada. "Ulituambia malezi." Kanyanyuka. "Tulipiga vigelegele, Hamisa." Wakavaa viatu. Mmoja kasahau mkoba, karudi kuuchukua, hakuniaga.

Tukabaki wawili.

"Ulibonyeza?"

"Nilibonyeza."

"Ukaachia?"

Nikakusanya vikombe. Kauliza, "Mara zote mbili?"

Kacheka kwa pumzi. "Mtoto wa Rukia. Kweli kabisa."

Nikamwambia nilijua anaongeza, nilisikia jina, tena na tena, nilimlinda mama yangu. Kasema, "Nilikuwa namtoa. Nilikuwa namtoa kwenye ile dola. Niliandika kisa kizima. Alichonifanyia Rukia mwaka ule baba alipotaka kunitoa shule, wewe huna hata fahamu. Hakijui mtu. Tulikuwa mimi na yeye tu jikoni, na kaniapisha nisiseme. Miaka yote nimeshika la daftari, nikaliacha hilo, kwa sababu hasira ilinifaa. Uliponiomba nimtoe nikasema basi."

"Alifanya nini?"

Kageuzia uso ukutani.

"Dada. Alifanya nini mama?"

"Kilikuwa kwenye simu, Hamisa."

Jumamosi, 12 Julai

Sikwenda darsa. Nasikia wamesoma na wamekula.

Nilikwenda na simu kwa fundi, barabara ya Msimbazi. Nikamwambia kuna maneno nimeyafuta kabla hayajatumwa, nayataka. Kaichomeka kwenye mashine yake, kaigeuza, kanirudishia. "Mama, ukishavuta vile hakuna kitu. Simu haikushika. Ni kama huyo mtu hakuongea." Nikamwambia, aliongea, nilikuwepo. Kaniangalia kwa huruma, kamwita mteja mwingine.

Mama Anjela alinisindikiza. Njiani hakutania.

Jumanne, 22 Julai

Kila siku namuuliza. Kila siku "sikumbuki". Mtu anayekumbuka kitabu kizima kwa nusu ya neno, hili hakumbuki.

Leo nimempigia magoti. Kweli, magoti chini, simwambii mtu. Nimesema usiwaambie wengine, usimwandikie mtu, niambie mimi tu, mimi ndiye mwanawe. Nimlilie mama kwa kitu ninachokijua. Nimeweka kichwa mapajani kwake kama mtoto.

Kanipapasa kichwa. Nikadhani sasa.

"Nywele zimekuwa chache," kasema. "Na za mama yako zilikuwa hivi hivi, mwishoni."

Nikangoja. Hakuongeza.

Nilitaka kumpiga. Mimi, mtu wa swala tano, nilitaka kumpiga kipofu wa mvi. Nimetoka nikakaa ngazini mpaka kijasho kikakauka.

Ijumaa, 25 Julai

Neema kapiga simu. Dada kamwomba amtafutie msomaji mwingine. Anayeelewa. Neema hajui kilichotokea, kaniuliza kama nimechoka. Nikasema nimechoka.

Jumatano, 6 Agosti

Meza imekwenda vizuri leo, mitandio ya mtumba imetoka yote. Nimefika, nimeswali Alasiri.

Msomaji mpya anaitwa Doreen. Binti mpole, mrefu, anavua viatu mwenyewe mlangoni bila kuambiwa. "Shikamoo mama." "Marahaba." Nimewapelekea chai, vikombe viwili, kimoja nimekiweka mkononi mwa Dada kabisa. Kasema ahsante. Nimerudi jikoni, nimeachia pazia.

Nilikuwa nachambua mchele. Kizungu kinatoka kule kama maji ya bomba, yule binti hayumbi, anasoma, anasimama, anauliza, Dada anajibu. Mara Dada akawa anaongea yeye peke yake. Kirefu. Polepole, sauti ya chini.

Nikasikia Rukia.

Nimesimama na ungo mkononi. Sijui ni kile kilichochapwa, anamweleza, au ni kile kingine. Jina ni hilo hilo kwa vyote viwili. Yule binti kasema kitu kifupi, kama mtu aliyeguswa. Dada kacheka kidogo, si kwa ubaya.

Ningeweza kufungua pazia. Sikufungua.

Nimemaliza mchele, nimeuosha, nimeutia maji. Wamerudi kwenye kusoma. Imeadhiniwa Magharibi, nimetandika msala.